Kiwanja cha marehemu baba Mtwara kinasemekana kimechukuliwa kwa deni la kodi ya ardhi, kinarudi kweli?

Mwana wa Chuno:
Habari zenu wakuu. Marehemu baba aliacha kiwanja chenye hati hapa Mtwara mjini, Chuno, kina banda la vyumba viwili na umeme. Alivyofariki sisi watoto tukatawanyika, mmoja Dar mwingine Masasi, hakuna aliyefuatilia. Juzi nimeenda nakuta karatasi imebandikwa kwenye mwembe, mvua imeloanisha wino wote umevuja, neno ILANI tu ndo linasomeka. Ofisini kijana wa kaunta akanijibu "hicho kimesharudi serikalini", basi, karatasi hajanipa. Mama hata chakula hali vizuri tangu siku hiyo. Halafu kodi si tunakatwa kwenye LUKU, tukinunua umeme, kila mwezi jamani? Naombeni msaada.

Ligula2:
Pole sana ndugu. Ile ya LUKU ni kodi ya jengo, ilihamishiwa humo 2021. Kodi ya pango la ardhi ni nyingine kabisa, unalipa kila mwaka kwa kontroo namba (namba ya malipo ya serikali), na watu wengi wanaumia hapohapo.

Maneno ya kaunta usiyakubali. Kwa Sheria ya Ardhi ya 1999 anayefuta milki ni Rais, sio afisa wa mkoa wala halmashauri. Kamishna wa Ardhi anatoa ilani kwanza, siku 90 zipite, ndo anapeleka mapendekezo kwa Rais. Kwahiyo kama ni ilani tu hati bado ni yenu na deni mnaweza kulilipa. Nenda kwa Kamishna Msaidizi wa Ardhi mkoa na namba ya hati, omba sachi, yaani wakuangalizie kumbukumbu za hicho kiwanja, majibu yawe kwa maandishi, utajua kama ni ilani tu, deni limepelekwa kesi au kimeshafutwa kweli.

Mama Mikindani:
Mwanangu pole, mpe pole na mama. Huyo anayekwambia sachi yuko sahihi ila je mna msimamizi wa mirathi? Kama hamna mtazungushwa mpaka mchoke, maana hati ina jina la marehemu. Fanyeni kikao cha ukoo muandike muhtasari, mchukue na cheti cha kifo mwende mahakama ya mwanzo, na msianze kugombania nani atakuwa msimamizi, mchagueni aliye karibu na mwenye muda. Sisi deni letu lilipelekwa Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, tukaenda wenyewe tukaomba kulipa kidogokidogo wakatukubalia, nyumba ikapona. Wasioitikia wito ndo wanakuja kusikia mnada.

Kusini Kwetu:
Lipa tu deni lote leo mkuu, wakishapokea hela hawana cha kusema.

Ligula2:
Hapana mkuu hapo utampoteza. Kama ni ilani sawa, alipe haraka, lakini kama milki imeshafutwa risiti ya leo haiirudishi. Sachi kwanza. Na hela ipite kwenye kontroo namba tu, asimpe mtu mkononi anayejifanya ana ndugu ardhi, vishoka, yaani matapeli wa kujifanya mawakala, wamejaa.

Mwana wa Chuno:
Asanteni sana. Na ikikutwa kimeshafutwa kweli?

Ligula2:
Hapo kazi inakuwa kubwa ila haijaisha. Kama hakijagawiwa mtu mwingine andikeni barua kuomba mmilikishwe upya, deni lote mkiwa tayari kulilipa. Ikishindikana mnadai fidia ya maendelezo, yaani hilo banda na miti, deni linakatwa humo. Na ulizeni ilani alipelekewa nani, kama ilienda kwa jina la marehemu na familia haikupewa chochote hiyo ni hoja nzito mahakamani. Kuishtaki serikali inabidi mtoe notisi ya siku 90 na nakala iende kwa Mwanasheria Mkuu, kesi ni Mahakama Kuu, na hapo Mtwara ipo, tafuteni wakili. Hiyo karatasi ya kwenye mwembe ipige picha kabla haijachanika.

Mama Mikindani:
Na hilo banda msiliache tupu mwanangu, mmoja wenu akae hapo.