Naomba ushauri: mazoezi ya mkono baada ya kiharusi

Wakubwa shikamooni, wengine habari zenu. Niko Tukuyu. Mama alipata kiharusi, mkono wa kulia ukalegea. Vidole vimeanza kukunjuka, ila kushika kitu bado. Hospitali walituonesha kukunja na kunyoosha kiwiko, na tunafanya kila siku.

Kinachonisumbua ni hiki. Nimesoma kuhusu namna ubongo na neva zinavyoongoza mwili. Wapo walioona ubongo kama bosi: unatoa amri, misuli inatii. Lakini Nikolai Bernstein, mwanasayansi aliyechunguza mwendo wa mwili, miaka ya 1920 huko Moscow, aliwapiga picha mafundi wakigonga nyundo. Nyundo inatua palepale, ila bega, kiwiko na kiganja havipiti njia ileile mara mbili. Yaani kila pigo mwili unatafuta jibu upya. Hili limeniingia sana, maana mama amechuma chai maisha yake yote: majani mawili na chipukizi, macho yakiwa kwingine, na kila tawi lina kimo chake.

Je, tumpe kazi halisi, kama kuchuma majani uani, kumenya ndizi, kushika kikombe, badala ya kunyoosha tu? Au ni mapema mno? Kila akijaribu kufikia kikombe bega linapanda hadi karibu na sikio, na naogopa asije akazoea kutumia bega akauacha mkono.

Mtaalamu wa fiziotherapia, au yeyote aliyewahi kuuguza mgonjwa wa hivi, naomba anielekeze tuanzie wapi. Nauli ya kwenda Mbeya mjini kila wiki hatuimudu.