Wa Majengo Popote Walipo

*Jumanne*

Mwanaidi [19:02]: Asalaam aleikum nyote. Nalileta tena jambo hili na leo nataka majibu, si vidole gumba. Halima na mumewe wanafika Ijumaa kutoka Tanga pamoja na watoto. Nairobi hawajawahi kuiona. Nimempata kijana anayetembeza wageni mjini jioni kwa miguu, huku wanaonjeshwa vyakula vya barabarani. Jumamosi saa kumi na moja jioni tunakutana kituo cha basi cha Kencom, tunamaliza saa tatu usiku Kariokor. 2,500 kwa mtu mzima, chakula ndani. Arbuni ni nusu, kabla ya Alhamisi saa sita mchana. Nani yumo?

Nasra [19:05]: Mimi nimo shangazi 🙋🏽‍♀️

Mwanaidi [19:31]: Watu ishirini na mbili humu. Nimemwona Nasra peke yake.

Mwanaidi [19:58]: Tiki za buluu nazihesabu.

Iddi [20:03]: Shangazi mimi niko ila arbuni yangu iko kwa mtu

Rajabu [20:10]: Tulipe mtu atuonyeshe Moi Avenue? Mimi nashuka pale kila asubuhi bure.

Mwanaidi [20:12]: Unashuka, lakini unapaona? Sanamu ya Tom Mboya, yule waziri, unapita chini yake. Haya waeleze watoto wa Halima kwa nini imewekwa pale na si kwingine.

Rajabu [20:14]: Alipigwa risasi pale. 1969. Nani hajui.

Mwanaidi [20:15]: Tarehe 5 Julai, anatoka dukani kununua dawa, na barabara yenyewe ikiitwa Government Road. Mtoto akikuuliza barabara ilibadilishwa jina lini na kwa nini utamjibu "mimi nashuka hapa kila asubuhi"?

Nasra [20:16]: 😂😂😂

Hamisi [20:21]: Tupe njia yote dada, ndiyo watu waamue.

Mwanaidi [20:34]: Njia ni hii. Kencom, tunavuka hadi KICC, lile jumba la mikutano, tunapanda juu kabisa ghorofa ya 28 kutazama jua likizama. Jumba lile limemalizika 1973 na nataka Halima asimame pale juu aone mji wote, huku Ngong, huku Eastleigh. Tukishuka, Kimathi Street kwenye sanamu ya Dedan Kimathi wa Mau Mau. Ilizinduliwa Februari 18, 2007, miaka hamsini kamili tangu anyongwe. Kisha City Market kwa nje, kisha tunashuka Tom Mboya Street hadi River Road, na hapo ndipo kula kunaanza: smokie pasua, mayai ya kuchemsha na kachumbari, mahindi choma ya ndimu na pilipili, viazi karai na ukwaju, mutura. Halafu matatu hadi Kariokor, nyama choma, tunamalizia na chai.

Iddi [20:35]: MUTURA 🔥🔥🔥

Mama Swabra [20:37]: Mutura si ndio ule utumbo wa damu?

Iddi [20:38]: Bibi mdogo usiulize, we fungua mdomo tu

Mama Swabra [20:39]: Iddi nitakuchapa na huo uzee wangu.

Mwanaidi [20:41]: Mama mdogo, nilishamwambia kijana. Sisi damu hatuli. Anatoa mutura anaweka mshikaki, na nyama yote itoke kwa wachinjaji wetu. Nimemuuliza mara mbili.

Ciku wa Hamisi [20:44]: Wifi, mimi mutura yangu msinitolee lakini 😄 Nitakula pembeni. Kwetu mutura bila damu ni kama hakuna sherehe. Nitawaambia jinsi unavyopimwa: ukikatwa kwenye ubao usimwagike, na chumvi iwekwe baada ya kukatwa.

Nasra [20:45]: Ciku ndiye awe mwongozaji

Iddi [20:45]: Napiga kura kwa Ciku. Na bei ishuke, 500

Iddi [20:46]: Kama mnataka nganya ya kwenda Kariokor niachieni mimi. Nawatafutia yenye taa za zambarau na muziki wa kukoroga maini

Mama Swabra [20:47]: Presha yangu.

Mwanaidi [20:49]: Tafadhali turudi kwenye arbuni. Alhamisi saa sita.

Salim [21:15]: Mwanaidi nimesoma. Hilo la KICC ulitazame tena. Jua la Nairobi linazama saa kumi na mbili unusu hivi, na hapo hapo ndipo Maghrib inaingia. Huwezi kuwa ghorofa ya 28 na kuwa msikiti wa Jamia wakati mmoja. Ukimaliza kupiga picha na kungoja lifti, Maghrib imebakia kidogo, na mume wa Halima ni mtu wa kuswali kwa wakati.

Mwanaidi [21:18]: Kaka nimeliona hilo. Nimemuuliza kijana kama tunaweza kuanza mapema, tupande KICC saa kumi na nusu tushuke, tukaswali Jamia, tutoke tukale. Bado hajajibu. Lakini jua litakuwa bado juu, ile rangi hatutaiona.

Hamisi [21:20]: Rangi ya jua si faradhi.

Mwanaidi [21:21]: Najua Hamisi. Nilitaka aione tu.

Rajabu [21:33]: Kabla mtu hajatuma hata shilingi. Zile za Naivasha zilikwenda wapi?

Nasra [21:33]: 👀

Mwanaidi [21:36]: Rajabu tafadhali.

Rajabu [21:37]: Nauliza tu. Basi halikuja, pesa hazikurudi, na hakuna aliyetoa hesabu humu. Mimi niliwalipia watu wanne. Aliyekuwa anakusanya yuko humu na anatusomea saa za Maghrib.

Salim [21:40]: *Ujumbe huu umefutwa*

Hamisi [21:41]: Rajabu, hayo ni ya kusemana ana kwa ana.

Rajabu [21:42]: Ana kwa ana nilisema siku ya hitima. Mkanyamazishwa wote na sahani ya pilau.

Iddi [21:43]: Ile pilau lakini ilikuwa ya haki

Mwanaidi [21:44]: Iddi si wakati wake.

Mwanaidi [21:52]: Mimi sitashika pesa ya mtu safari hii. Kila mmoja atume kwa kijana mwenyewe, kwa M-Pesa, aweke risiti hapa. Namba nitampa atakayeniandikia pembeni. Ninachotaka mimi ni mtoto wa marehemu ami yetu asirudi Tanga akasema Nairobi aliona sebule yangu na televisheni.

*Jumatano*

Mwanaidi [06:48]: Asubuhi njema. Risiti mpaka sasa: yangu na ya Ciku. Watu wawili.

Mama Swabra [07:20]: Mimi goti. Mpaka Kencom nitafika, KICC kuna lifti, lakini kutoka pale hadi River Road kwa miguu siwezi. Hamisi gari lako lipo?

Hamisi [08:02]: Gari lipo Mama mdogo, pa kuegesha ndipo hapapo. Jumamosi jioni ukiingiza gari Tom Mboya hulitoi. Nitawaza.

Ciku wa Hamisi [08:05]: Mama aje moja kwa moja Kariokor atungoje na chai. Hata mimi ningependa kukaa naye.

Mama Swabra [08:06]: Ahsante mwanangu. Lakini KICC nataka. Nimeishi mji huu toka nikiwa msichana na juu sijapanda.

Mwanaidi [08:09]: Utapanda. Wallahi utapanda.

Iddi [10:30]: Simu zote mfukoni mkifika River Road. Wageni waambiwe mapema. Kule kuna vijana wana mikono ya hariri

Nasra [13:47]: Bibi amesomewa yote haya na Swabra. Ameniita niandike, neno kwa neno, nisipunguze. Ngojeni.

Nasra [14:11]: Bibi anasema:

"Nimesikia mambo yenu tangu jana. Ya Naivasha niliyamaliza mimi mwenyewe chumbani kwangu, na Salim anajua alichonilipa na Rajabu anajua nilichompa. Asiyajue mwingine. Sitaki kuyasikia tena katika masimu yenu.

Pili. Mnamlipa mtu awaonyeshe Nairobi, na Nairobi yake haifiki Majengo. Anafika Kariokor, hapo pua na mdomo, anageuza. Mama yangu alivunjiwa nyumba Pangani ya zamani wakati Mwingereza alipotaka ile ardhi, wakahamishiwa Shauri Moyo na mizigo kichwani. Baba yake Halima kazaliwa huku huku. Mjukuu wa nyumba hii aonyeshwe majumba ya ghorofa na asionyeshwe mlango aliotokea baba yake? Mgeni wangu hatakula barabarani kabla hajakaa kwenye mkeka wangu. Jumamosi mchana anakula kwangu. Baadaye mpelekeni mnakotaka.

Tatu. Kutoka Kencom mkishuka Moi Avenue mtakuta kona ya Haile Selassie. Yule kijana atataka kuwasimamisha hapo awaeleze ya lile bomu la ubalozi la mwaka wa 1998. Wageni wasimame, waambiwe, ni haki yao kujua. Lakini asipite mtu wangu pale akitafuna kitu. Wala picha za kucheka. Mnajua jina la nani liko kwenye ule ukuta."

Nasra [14:12]: Ni hayo.

Salim [15:26]: Tumesikia Mama.

Hamisi [15:27]: Tumesikia Mama.

Mama Swabra [15:40]: Mungu amrehemu.

Rajabu [16:02]: Amin. Tumesikia.

Mwanaidi [16:30]: Amin.

Mwanaidi [17:05]: Mama nimekuelewa. Kona ile haikuwa kwenye njia ya kijana, na nitamwambia asiiweke. Au kama Halima ataomba mwenyewe, nitampeleka mimi asubuhi, bustani ikiwa wazi, tukiwa wawili.

Salim [17:09]: Ukienda nami nitakwenda.

Mwanaidi [17:12]: Sawa kaka.

Mwanaidi [17:30]: Sasa saa. Tukila kwa Mama baada ya Adhuhuri, hatuinuki Majengo kabla ya saa kumi. Mnamjua Mama na chai yake ya pili. Saa kumi na nusu juu ya KICC hatufiki. Na watu wakishiba wali wa nazi, hayo mahindi na viazi karai vya saa mbili usiku atavila nani?

Iddi [17:31]: 🙋🏾‍♂️

Hamisi [17:38]: Tuachane na KICC Jumamosi. Tuende Jamia, tuswali Maghrib, tuanzie pale. Kimathi hapo hapo jirani, kisha River Road kama ilivyokuwa. Hata bei labda ipungue.

Mama Swabra [17:40]: Na mimi na KICC yangu?

Hamisi [17:41]: Mama mdogo siku nyingine, nitakupeleka.

Mama Swabra [17:41]: Siku nyingine nimeisikia tangu 1973.

Ciku wa Hamisi [17:50]: Kwa nini tusianzie kwa Bibi? Kijana aje Majengo kuchukua watu, aanze kwa kusikiliza. Kutoka Majengo hadi Kariokor si mbali, twende kinyume, nyama kwanza na mji baadaye. Na jina lenyewe la Kariokor, wale wapagazi wa vita vya kwanza, Carrier Corps, kuna mtu humu aliyewaeleza watoto?

Nasra [17:52]: Mimi sikujua 😳

Rajabu [18:15]: Hilo la Ciku mimi naliunga. Bibi akiongea na huyo kijana nusu saa, yeye ndiye atulipe. Nikiona njia mpya natuma yangu, na ya Iddi.

Iddi [18:15]: Mjomba 😭🙏🏾

Mwanaidi [18:20]: Nimemwandikia kijana yote: Majengo kwanza, Kariokor, Jamia kwa Maghrib, Kimathi, River Road mwisho. Nangoja.

Mwanaidi [20:44]: Kajibu. Majengo anakubali, na anasema kwa kweli angependa kumsikiliza Bibi. Lakini wauzaji wa River Road ameshapatana nao wawe tayari saa moja usiku, kuwasogeza hawezi. KICC kwa mpango huu haiwezekani. Bei haishuki. Na kwa njia mpya anataka tuwe angalau watu kumi, anataka hesabu kesho saa nne asubuhi, si saa sita tena.

Mwanaidi [20:45]: Nina risiti mbili, Rajabu na Iddi kwa mdomo, Nasra, Halima na mumewe. Saba. Salim?

Salim [20:58]: Nipo. Natuma asubuhi.

Mwanaidi [20:59]: Nane. Hamisi wewe unaendesha au unatembea? Mama mdogo anakwenda au anangoja Kariokor?

Hamisi [21:10]: Nangoja nijue kwanza Mama mdogo amekasirika au la.

Mwanaidi [21:26]: Mama Swabra?

Mwanaidi [21:50]: Mama mdogo uko?

Yusra [22:37]: Ndio nafungua simu sasa hivi, nilikuwa zamu. Watoto wa chini ya miaka mitano wanalipa?