Toleo la sinema au refu lisilokatwa: nichukue lipi?

Kivuli_cha_Pazia
Wakuu, habari zenu. Nataka kununua diski ya filamu moja ya Ulaya, zile za kisanii. Kuna toleo lililoonyeshwa kwenye majumba ya sinema, na kuna refu ambalo halijakatwa. Bei ni karibu sawa ila siwezi kuchukua yote mawili. Nisaidieni.

Mzee_Projekta
Unaomba dawa bila kutaja ugonjwa. Filamu gani? Umeshaiona au ndiyo mara ya kwanza? Maana urefu una sababu nyingi. Huenda wakaguzi walikata na sasa vipande vimerudishwa. Huenda mtayarishaji alimnyang'anya mwongozaji mkasi. Huenda pia msambazaji kaokota mabaki ya chumba cha uhariri akayabandika ili auze upya.

Msasi
Refu, siku zote. Filamu ya Once Upon a Time in America ilikuwa na dakika 229. Marekani mwaka 1984 wakaikata ikabaki 139, tena wakapanga matukio upya kwa mfuatano wa miaka. Hadithi nzima inakwenda kwa kumbukumbu za mtu mzima, halafu wewe unaianzia utotoni! Waliua filamu.

Nuru_Hafifu
Siku zote, Msasi? Filamu ya Andrei Rublev ilikuwa ya dakika 205, ikashuka hadi 183, na mwongozaji wake Tarkovsky mwenyewe akasema hiyo ya 183 ndiyo anayoikubali. Mwongozaji Bergman yeye ni kinyume: filamu yake Fanny och Alexander aliipenda ile ya televisheni ya dakika 312 kuliko ya sinema ya 188. Kwa hiyo muulize mwongozaji, usiulize saa.

Kivuli_cha_Pazia
Samahani wakuu, ni Cinema Paradiso. Sijaiona kabisa.

Mzee_Projekta
Ungesema mapema. Ilitoka Italia mwaka 1988 ikiwa na dakika 155, watu hawakuichangamkia. Ikafupishwa hadi kama 124, na hiyo fupi ndiyo iliyotuzwa kwenye tamasha la filamu la Cannes 1989 na baadaye kuchukua Oscar. Ya dakika 173 ilisambazwa 2002. Anza na fupi.

Msasi
Fupi haina nusu ya hadithi! Kwenye refu mhusika mkuu Salvatore anakutana ukubwani na Elena, mpenzi wake wa ujana, ndipo anajua kwamba rafiki yake mzee Alfredo ndiye aliyewatenganisha.

Nuru_Hafifu
Msasi!! Mtu kasema HAJAIONA.

Msasi
Filamu ya 1988, ndugu yangu. Hadi lini tutanong'ona?

DadaReli
Ngoja niwaambie yaliyonikuta na hizi "zisizokatwa". Nilichukua filamu moja ya Kiitaliano iliyotiwa sauti za Kiingereza. Boksi zuri, limeandikwa imerejeshwa yote. Naanza kutazama, mambo shwari. Mara baba mwenye nyumba yuko katikati ya sentensi, anabadilika sauti na kuanza Kiitaliano! Kumbe vile vipande vilivyorudishwa havikuwahi kutiwa sauti, wakaviacha hivyo hivyo, na maandishi ya tafsiri hawakuweka. Rangi nayo ikawa ya kijivu, mikwaruzo juu hadi chini. Dakika mbili baadaye anarudi kwenye Kiingereza, shati limerudi rangi yake. Yule bwana alikuwa anatoa siri ya urithi, nami sikuambulia kitu. Niliwaandikia wauzaji, wakanijibu kwamba hiyo ndiyo "thamani ya kihistoria". Tangu hapo nauliza kwanza: vipande vilivyoongezwa vimetoka kwenye nakala gani, na vina tafsiri?

Fremu25
Na msihesabu dakika za kwenye boksi kama ushahidi. Filamu hupigwa fremu (picha) 24 kwa sekunde, ila diski nyingi za zamani za PAL, ule mfumo wa televisheni wa Ulaya, zinaiendesha kwa 25. Dakika 124 zinakuwa 119 bila mtu kugusa mkasi, na sauti zinapanda kidogo. Nimeona watu wakigombana wiki nzima kuhusu "dakika tano zilizokatwa".

Nuru_Hafifu
Na kuna ukaguzi usiopunguza hata sekunde. Filamu ya Eyes Wide Shut kule Marekani, 1999, walipachika watu wa kompyuta mbele ya miili kwenye ile sherehe ya ngono ili ipate daraja la R (chini ya miaka 17 waingie na mtu mzima). Urefu uleule, filamu si ileile.

Msasi
Turudi kwa Alfredo. Mimi nasema alikuwa na haki. Kijana asingeondoka kijijini.

DadaReli
Haki gani ya kumwamulia mwenzio mapenzi? Kwanza ndiyo maana fupi ni bora, inamwacha mzee na heshima yake.

Msasi
Heshima ya kufichiwa, dada.

Mzee_Projekta
Kivuli, kuna maboksi yenye matoleo yote mawili ndani. Hebu geuza nyuma usome. Na mashine yako inasoma diski za ukanda gani?

Kivuli_cha_Pazia
Muuzaji kaweka picha ya mbele tu. Ukanda ndiyo nini tena?