Filamu za wapelelezi uchwara: fedha za umma zizihifadhi?

Mleta mada: Wakuu, naweka hoja mezani. Uingereza haina sheria ya kumlazimu mtayarishaji akabidhi taifa nakala ya filamu, kama wachapishaji wanavyokabidhi vitabu. Filamu ya kale ikiokolewa, ni kwa uamuzi wa watu na kwa fedha, nyingine zikiwa za bahati nasibu ya taifa. Je, fedha hizo ziguse vichekesho vya kimya vya miaka ya 1910, vile vya raia anayejitia upelelezi akavuruga kila kitu? Mimi nasema ziguse, tena bila kusitasita.

Mchangiaji: Hapana mkuu. Zile zilitengenezwa harakaharaka ziuzwe kama njugu. Mchekeshaji Fred Evans peke yake, yule aliyeigiza mhusika Pimple, alitoa zaidi ya 200. Ukiona tano umeziona zote. Tuanze na kazi kubwa: A Study in Scarlet ya 1914, filamu ya Sherlock Holmes, mpaka leo haijapatikana. Hiyo ndiyo ya kutafuta.

Mleta mada: Itafutwe, sipingi. Ila mwaka huohuo Pimple alitoa Sexton Pimple, akimwiga Sexton Blake, mpelelezi wa magazeti ya nusu peni tangu 1893. Mkuu, mtu hacheki mzaha wa jambo asilolijua. Kicheko kile kinatuambia watu wa kawaida walikuwa wakisoma nini, na hilo hulipati kwenye kazi kubwa.

Na hiyo "harakaharaka" isikutishe. Rescued by Rover ya 1905 iligharimu pauni 7 na ushei. Mtazame yule mbwa, Rover, kwenye mtaa wa maskini: anapita mlango kwa mlango, anasukuma, anatoka, anasukuma mwingine, hadi anapomkuta mtoto aliyeibwa. Nakala ziliuzwa mpaka negativu, ile filamu mama ya kutolea nakala, ikachakaa, mtayarishaji wake Cecil Hepworth akaipiga upya mara mbili. Leo inafundishwa vyuoni. Wakati ule nani angeiita kazi kubwa?

Hepworth huyohuyo alipofilisika mwaka 1924, negativu zake ziliuzwa zikayeyushwa, zikawa dawa ya kupaka mabawa ya ndege. Inaniuma kila nikiikumbuka. Waliouza nao walijiona wanajua kipi kina thamani.

Sasa nitajie mkuu, ni kipimo gani ambacho mwaka 1905 kingemwokoa Rover, halafu leo kimwache Pimple aoze?