libcrypt.so.1 haionekani, su na sudo zimegoma, msaada jamani

mtu_wa_arua

Wakuu habari za usiku. Nina seva ya SACCO moja huku Arua, ilikuwa Debian 10 (aina ya Linux) na kwa vile hiyo hata LTS yake (masasisho ya muda mrefu) iliisha Juni 2024 wakubwa wakasema ipandishwe, basi nikabadilisha sources.list iwe bullseye (yaani Debian 11) nikapiga apt full-upgrade, ikapakua vizuri tu (bando langu ndo limelia) halafu ilipofika katikati ikaanza kutapika hii:

`perl: error while loading shared libraries: libcrypt.so.1: cannot open shared object file: No such file or directory`

Sasa kila pakeji inayojaribu kujisetapu inaanguka na perl (lugha ya skripti za mfumo). Nimefungua dirisha lingine la SSH (kuingia seva kwa mbali) linakatika kabla hata ya kuniuliza paswedi, nikajaribu su kwa akaunti ya kawaida inasema `Module is unknown`. Dirisha la kwanza bado liko hai na mle ndani mimi ni ruti (mwenye mamlaka yote).

Nauliza mawili. Paswedi za watu zimefutika? Na kuna jamaa hapa ofisini ananisukuma nirebuti, nirebuti kweli? Kesho saa mbili karani anataka kuingia.

boda_na_linux

Banange ssebo mbona hilo dogo, ni faili moja tu limekosekana. Mimi natumia Fedora, kwenye mashine yangu kuna libcrypt.so.2, tafuta mtu akupe kama hiyo uiweke hapo halafu uitungie simlinki (njia ya mkato) yenye jina libcrypt.so.1, rebuti, kwisha habari. Nimeona watu wakifanya hivyo kwa laibrari zingine na zinadunda.

mama_seva

Kaka wa Arua, usirebuti, na hilo dirisha usilifunge hata njaa ikikuuma. sshd yenyewe (programu inayopokea SSH) kwenye Debian imeungwa na libcrypt.so.1, na kila mtu mpya anapogonga mlango sshd inajiwasha upya kwa ajili yake, ndiyo maana dirisha la pili linakufa hapo hapo. La kwanza lilishapakia laibrari kwenye memori kabla faili halijaondoka ndiyo maana linapumua. Ukilifunga itabidi uende na flashi mpaka ilipo mashine.

Paswedi ziko salama, hazikai kwenye hilo faili. Ziko /etc/shadow zikiwa zimeshasagwa. libcrypt ni kama mashine ya kusaga posho: unaandika paswedi yako, inasagwa pamoja na chumvi (herufi za nasibu) iliyoandikwa pale shadow, kisha unga unaotoka unalinganishwa na ule wa zamani, ukifanana unaingia. Mashine ikiondolewa unga unabaki ghalani, ila hakuna wa kuulinganisha. Anayeiita hiyo mashine ni pam_unix.so, sehemu inayokagua paswedi, na ikishindwa kupakiwa ndo unaona hiyo `Module is unknown`. Haina maana paswedi imekosewa.

Kilichotokea kwako kinajulikana: kwenye Debian 10 libcrypt.so.1 ilikuja ndani ya libc6 (laibrari ya msingi ya mfumo), kwenye 11 imehamishiwa pakeji yake, libcrypt1, inayotoka mradi wa libxcrypt. Wakati wa kuhama libc6 mpya inaweza kuondoa la zamani kabla libcrypt1 haijafunguliwa. Perl inalitaka faili hilo, skripti nyingi za dpkg (inayosetapu pakeji) zinataka perl, basi apt inajikaba yenyewe. Fanya hivi kwenye dirisha la ruti:

```
mkdir /tmp/lc && cd /tmp/lc
apt-get download libcrypt1
dpkg-deb -x libcrypt1_*.deb .
cp -av lib/x86_64-linux-gnu/libcrypt* /lib/x86_64-linux-gnu/
apt --fix-broken install
```

dpkg-deb -x inafungua tu deb bila kuendesha skripti yoyote, kwa hiyo perl haiguswi. Ikikubali rudia full-upgrade, halafu ujaribu SSH kwenye dirisha JIPYA kabla hujafunga la zamani.

Na wewe boda_na_linux, ushauri wako ungemlaza kijana wa watu huko. Namba ya mwisho haikuwekwa kama urembo. .so.2 ya Fedora imetupa mambo ya zamani, programu iliyojengwa kwa .so.1 itaitafuta alama ya `GLIBC_2.2.5` mle ndani isiione, itakataa kuwaka hata faili likiwa na jina sawa.

boda_na_linux

Sawa mama nimekaa chini 😂 ila basi nisaidie na mimi. Nina programu ya uhasibu ya zamani nimeiweka AlmaLinux 9 inalilia hiyo hiyo .so.1, chanzo chake sina, aliyeiuza hapokei simu. Nifanyeje?

mama_seva

`dnf install libxcrypt-compat`. Hiyo inaleta .so.1 ya kweli ikae kando ya .so.2, hazigombani. Faili usizibebe kwa flashi kutoka mashine ya mtu, haya ndo mafaili yanayoshika paswedi ya kila mtu wakati anaiandika, unajuaje aliyekupa kaweka nini humo.

mtu_wa_arua

Mama Mungu akubariki, imekubali!! fix-broken ilichukua muda ikamaliza, dirisha jipya limeingia, sudo iko sawa. Nimebadilisha paswedi yangu kujaribu, nikaona kwenye shadow mstari wangu sasa unaanza na `$y$` na wa wenzangu bado `$6$`. Ni kawaida?

kijana_wa_busia

Kawaida kabisa. Hizo ni alama za njia ya kusaga: `$6$` ni SHA-512, `$y$` ni yescrypt ambayo ndo chaguo la Debian kuanzia 11, inakula memori makusudi ili mwizi aliyeiba shadow asiweze kubahatisha haraka kwa kadi za GPU. Za wenzako zitaendelea kufanya kazi hivyo hivyo, zitageuka siku kila mmoja akibadilisha yake.

Ila ngoja nikuulize, una mashine nyingine inayokopi shadow kutoka hiyo? Sisi huku mpakani tulikuwa na mbili, moja Debian 11 na nyingine ya zamani bado 10, usiku rsync (programu ya kukopi faili) inahamisha akaunti. Mtu akibadilisha paswedi tu, asubuhi kwenye ile ya zamani haingii, kwa sababu libcrypt ya glibc ya Debian 10 haiijui `$y$`. Tulizunguka sana tukidhani ni keyboard.

mtu_wa_arua

Iko, ya bakapu, nayo ni 10 🤦🏾

kijana_wa_busia

Basi mpaka uipandishe, fungua `/etc/pam.d/common-password` kwenye hii mpya, mstari wa pam_unix, toa neno yescrypt weka sha512, halafu ubadilishe paswedi yako tena ili irudi `$6$`. Ukishaipandisha ya bakapu urudishe. Na kabla hujaanza nayo download libcrypt1 mapema uiweke /tmp.

mama_seva

/root bora, /tmp ikirebuti inafagiliwa.