Kh: Slipu za mshahara za mwanangu, na mkewe aliyebaki Kibokoni, Mombasa

Mzee wa Kuze (Leicester, kwa sasa niko Mombasa):
Assalaam aleikum jamaa. Nikahi tuliisoma mwaka jana, cheti cha kadhi tunacho, TB mkwe wangu amepima. Juzi viza ya mkewe ya kumfuata Uingereza imekataliwa kwa sababu ya kipato cha mwanangu. Mwanangu ana slipu nne tu. Mwaka huu kabadilisha kazi mara tatu. Ana miaka 29! Siku ya posa baba mtu alimuuliza amejiwekea nini. Akaikodolea macho kahawa yake mpaka ikapoa, nikamjibia mimi. Swali langu: nikimtilia akiba yangu kwenye akaunti yake, zitahesabiwa?

Bi Mkubwa wa Slough:
Pole kaka. Kipato wanachotaka kwa mume mbona si kikubwa? Wa kwangu alimleta mkewe kutoka Malindi kwa pauni 18,600 tu kwa mwaka.

Fundi wa Majengo (Birmingham):
Dada, usimpoteze mwenzio. Hiyo ni ya zamani. Tangu tarehe 11 Aprili 2024 ni pauni 29,000 kwa mwaka. Ukitegemea akiba peke yake ni 88,500, na zikae miezi sita. Mzee, slipu sita za mwajiri mmoja si lazima, soma Kategoria B, njia ya waliobadilisha kazi: mshahara wa sasa ufike 29,000, na miezi 12 iliyopita awe ameingiza kiasi hicho. Ameingiza?

Mzee wa Kuze:
Nimempigia. Hajui.

Bi Mkubwa wa Slough:
Nimekubali, nilikosea. Lakini msimwandame kijana. Marehemu mume wangu alinioa na kitanda cha deni, fundi wa Mwembe Tayari akipita kila Ijumaa kudai. Tukicheka, tukimpa mahamri. Wallahi naikumbuka ile baraza yetu.

Fundi wa Majengo:
Lakini deni lake alilijua ni shilingi ngapi.

Mzee wa Kuze:
Ndilo linaloniuma. Jana mkwe kaniletea mbaazi, akakaa. Aliacha kazi ya chekechea mwezi wa tatu akijua anasafiri. Akaniuliza, "Baba, niombe nirudi?" Nimekosa la kumwambia.

Fundi wa Majengo:
Usimwambie kitu. Mwambie mwanao azitafute kwanza namba za mapato yake ya miezi 12, kisha ampigie mkewe yeye mwenyewe.