Naomba ushauri: Kilatini changu ni cha seminari, nianze na Horatius au Juvenalis?

Kalamu_ya_Mwanzi

Wakuu, habari za jioni.

Nilisoma Kilatini miaka minne seminari ndogo, kisha nikatoka nikaenda ualimu. Huu ni mwaka wa kumi na mbili nafundisha Kiswahili sekondari huku Nyanda za Juu Kusini. Mwaka jana jamaa niliyesoma naye alinipa kitabu chake cha zamani, Kilatini kitupu, chenye washairi wawili wa dhihaka wa Roma: Persius na Juvenalis. Nataka niwasome vizuri, na nikiweza nitafsiri walau vipande vichache kwa ajili ya kikundi chetu cha mashairi. Tuko saba, tunakutana Jumamosi.

Nilianza na Persius kwa kuwa ndiye yuko mwanzo wa kitabu. Shairi la kwanza tu limenila wiki tano, na hadi leo sijajua humo ndani nani anamjibu nani. Nilivunjika moyo sana, nikaona Kilatini kimenitoka chote. Nikarukia Juvenalis, nikafungua shairi la sita, nikakuta mistari zaidi ya 600 ya kuwashambulia wanawake. Hilo siwezi kulipeleka mbele ya dada zetu watatu wa kikundini, na mimi mwenyewe silitaki.

Nianze na nani: nimrudie Juvenalis, au nimtafute Horatius, mshairi mwingine wa dhihaka wa Roma? Na kwenye kutafsiri, nifuate vina na mizani au niandike nathari?

Mzee_wa_Sarufi

Pole mwalimu, ila tulia. Kilatini hakijakutoka. Umeanza na mgumu kuliko wote. Nimefundisha lugha hii miaka mingi na sikuwahi kumpa mwanafunzi Persius kabla hajashiba wengine. Anayabana maneno mno, halafu anaingiza sauti ya mpinzani katikati ya mstari bila kukuambia ni nani anayesema. Hata wahariri hawakubaliani alama za usemi ziwekwe wapi. Kwa hiyo hapo ulipokwama, wamekwama wengi.

Usimchukie lakini. Alizaliwa Volaterrae mwaka 34, akafariki mwaka 62, hata 28 hajafika. Aliacha mashairi sita, kama mistari 650 hivi, na mwalimu wake Cornutus, mfuasi wa falsafa ya Ustoa, ndiye aliyeyapitia kabla rafiki yao Caesius Bassus hajayatoa. Siku ukimrudia, nenda shairi la tatu. Kijana amelala mpaka kivuli kimefika mstari wa tano kwenye saa ya jua. Anaamshwa, anashika kalamu, analalamika wino ni mzito. Ukitiwa maji, analalamika umekuwa mwepesi na unadondoka. Mbele kidogo Persius anakumbuka utoto wake: alikuwa anajipaka mafuta ya zeituni machoni ili aonekane mgonjwa, asikariri maneno ya Cato, mwanasiasa wa Roma ya zamani, siku ambayo baba amekuja na rafiki zake, jasho linamtoka, kumsikiliza mwanawe. Mwalimu wa sekondari akifika hapo anawajua hao wanafunzi mmoja mmoja.

chuma_ulete77

Horatius. Sentensi zake zinasomeka na hakugombezi.

Nuru_ya_Pwani

Naunga mkono Horatius, ila usianze ukurasa wa kwanza. Anza kitabu cha kwanza cha dhihaka zake, shairi la sita.

Horatius alizaliwa Venusia mwaka 65 KK. Baba yake alikuwa mtumwa aliyeachiwa huru, akafanya kazi ya kukusanya fedha za mnada. Mtoto akaja kuwa rafiki wa Maecenas, mtu wa karibu kabisa wa Octavianus, yule aliyekuja kuwa Kaisari Augusto, na mji mzima ukawa unamsengenya: si ni mtoto wa mtumwa yule? Shairi la sita ndilo jibu lake. Anasema baba yake alikuwa maskini, ana kishamba kisicho na rutuba, lakini hakutaka kumpeleka shule ya Flavius pale mjini kwao, walikokwenda watoto wa maakida wakubwa, mikoba na vibao vyao vikining'inia begani kushoto, ada mkononi kila katikati ya mwezi. Alithubutu kumchukua mtoto mpaka Roma, akasome wanachosoma watoto wa waheshimiwa. Na hakumwachia mtumwa amsindikize. Alimsindikiza mwenyewe, kwa kila mwalimu, mlango kwa mlango. Horatius anamalizia kwamba hata watu wangeruhusiwa kuchagua wazazi upya, yeye angebaki na wake.

Mimi baba yangu alikuwa utingo wa lori. Niliposoma hapo nilifunga kitabu nikakaa kimya muda mrefu.

Halafu soma la nne, maana hapo ndipo anapoeleza dhihaka yake ilikotoka. Baba alikuwa akitembea naye anamwonyesha watu: huoni mtoto wa Albius anavyoishi vibaya? Usije ukatapanya mali ya wazazi. Ni malezi ambayo kila mmoja wetu kayapitia njiani akiwa ameshikwa mkono. Horatius aliyachukua akayatia kwenye mashairi. Ukishamwelewa hapo, hata la tisa, la yule msumbufu aliyemganda kwenye Via Sacra, barabara ya Roma, asimwachie, utalisoma kwa raha.

Kalamu_ya_Mwanzi

Dada Nuru, asante sana, umenigusa. Ila mbona Horatius mwenyewe anamtaja Lucilius kila mara? Naye nimtafute?

Mzee_wa_Sarufi

Lucilius wa Suessa Aurunca ndiye mwanzilishi wa dhihaka kama wao walivyoijua, karne ya pili KK. Alikuwa na jemadari Scipio vitani Numantia, huko Hispania, na aliwataja wakubwa kwa majina yao bila woga. Aliandika vitabu 30, vimebaki vipande vipande tu, kama mistari 1,300. Horatius anamheshimu lakini anamlaumu kwa haraka: eti saa moja alikuwa akitoa mistari 200 amesimama mguu mmoja, na mto wake ulitiririka na tope. Kwa sasa mwache. Ila lijue neno lenyewe, satura. Wenyewe walilihusisha na sahani iliyojazwa vyakula vya kila aina, na Quintilianus, mwalimu wao wa ufasaha, alijivuna kwamba fani nyingine walipata kwa Wagiriki, lakini hii yote ni ya Waroma.

Msafiri_Kafiri_Hapana

Naomba nimtetee Juvenalis, msije mkamfungia kwa sababu ya la sita. Soma la tatu, mwalimu. Umbricius anahama Roma, vyombo vyake vyote vimeenea kwenye mkokoteni mmoja, anamwaga ya moyoni akiwa mlangoni pa mji. "Quid Romae faciam? mentiri nescio." Nifanye nini Roma? Kusema uongo sijui. Anasema kodi ya mwaka mmoja ya chumba cha giza Roma ungenunua nyumba nzuri kwenye miji midogo kama Sora au Frusino. Mikokoteni inakesha ikipita, maskini halali. Ukitoka usiku vyombo vibovu vinakudondokea kutoka madirishani. Ukikutana na mlevi mbabe, anakupiga, halafu uhuru wako wewe fukara ni kumsihi akuache urudi nyumbani na meno machache yaliyobaki.

Niliishi chumba kimoja mjini miaka sita. Hakuna mshairi aliyenieleza kama huyu.

Onyo moja tu: Umbricius ana chuki kali kwa wageni, Wagiriki na Washami. Kikundi kiambiwe mapema kwamba huyo ni mhusika anayeongea kwa hasira. Mistari hiyo msiiruke, ijadilini.

Fundi_Mizani

Nijibu la tafsiri. Mashairi yao ni heksamita, futi sita kila mstari, na kinachopimwa ni silabi ndefu na fupi. Mizani yetu inahesabu silabi tu, kwa hiyo muziki ule hauhamishiki. Kina hawakuwa nacho kabisa. Horatius mwenyewe aliyaita maandishi haya mazungumzo, akasema yako karibu na maongezi ya kawaida. Ukitia vina vya kati na vya mwisho, maongezi yanageuka wimbo. Mwalimu Nyerere alipotafsiri Julius Caesar ya Shakespeare mwaka 1963 alitumia mistari isiyo na vina, na inasemeka vizuri jukwaani. Fuata njia hiyo.

Nuru_ya_Pwani

Fundi, hapo tunatofautiana kidogo. Muyaka bin Haji aliwachapa maadui wa Mombasa kwa vina, na makali hayakupungua. Sikio la Kiswahili linapokea kijembe kikija na kina.

Fundi_Mizani

Kweli dada, lakini kijembe cha Muyaka kinaisha ndani ya ubeti. Juvenalis anajenga hasira mistari ishirini bila kupumua. Ubeti utamkata pumzi.

Kalamu_ya_Mwanzi

Wakuu, nimekesha na la tatu la Juvenalis. Nimefika kwa Cordus, aliyeunguliwa na vyumba: kitanda kifupi, vijagi sita, na kasha kuukuu la vitabu vya Kigiriki ambalo panya walikuwa wanalitafuna. Nimeacha vina. Nisahihisheni:

*Cordus hakuwa na kitu, nani atabisha hilo?*
*Lakini hicho si kitu kimemwishia chote, masikini.*
*Na kilele cha dhiki: yu uchi, anaomba makombo,*
*hakuna wa kumpa chakula, hakuna wa kumpa pa kulala.*

Nuru_ya_Pwani

Mistari miwili ya mwisho usiiguse. Wa pili "si kitu" inakwaza ulimi. Jaribu: "Na hicho asichokuwa nacho kimemuungulia chote, masikini."

Mzee_wa_Sarufi

Vizuri sana, ila kitenzi cha Kilatini kwenye mstari huo, "perdidit", ni kupoteza. Moto umeshatajwa nyuma, usiurudie hapa. Na yeye Cordus ndiye anayepoteza, kitenzi ni chake.

Kalamu_ya_Mwanzi

*Cordus hakuwa na kitu, nani atabisha hilo?*
*Na hicho asichokuwa nacho amekipoteza chote, masikini.*

Nimeuandika hivyo. Jumamosi nausoma.